Karantini ya samaki wapya wa tangi la maji baridi: maswali mnayouliza kila siku

Nimekusanya hapa maswali ninayoulizwa karibu kila wiki, mengine kwa simu, mengine mtu anafika mpaka nyumbani Chumbageni samaki yuko kwenye mfuko mkononi. Niko Tanga, kwa hiyo joto ninalosema ni la hapa na maji ni ya hapa, ila wenzetu wa Bagamoyo hali haipishani sana. Kama jibu moja linagusa lingine nitakuelekeza tu ukasome huko, sirudii.

## Mwanzo kabisa

Karantini ya samaki ndo nini hasa?

Ni kumweka samaki mgeni kwenye chombo chake, na maji yake, filta yake na wavu wake, kwa wiki kadhaa kabla hujamchanganya na wenyeji. Kazi yako muda huo ni kumlisha, kumbadilishia maji na kumtazama sana.

Neno la kushika hapo ni "chake". Wengi wananunua kile kiboksi cha plastiki chenye matundu wanakining'iniza ndani ya tangi kubwa wanasema wamefanya karantini. Hapana, maji ni yale yale, na kimelea kinachoogelea hakizuiwi na tundu la kiboksi.

Dukani niliwaona wazima kabisa, wachangamfu, si naweza kuwatia tu?

Hili ndo swali namba moja na ndo lililonifanya niandike yote haya. Mwaka 2019 nilikuwa na gapi 31, wale samaki wadogo wa mapambo, nimewazalisha mwenyewe vizazi vitatu mpaka nikapata madume wenye mkia wa buluu iliyokolea. Nikanunua molly wanne, wanene, wanakula vizuri, nikawatia siku ile ile. Siku ya tano asubuhi, chai bado iko jikoni, naona dume mmoja ana kidoa cheupe ukingoni mwa mkia, kama punje moja ya semolina. Kimoja tu. Jioni anajikwaruza kwenye bomba la filta na vidoa vimefika 12. Siku ya tisa nilikuwa nimeshawatoa wafu 24 kwa chujio la chai. Wale molly wanne waliokuja na ugonjwa hawakuonyesha hata doa moja, waliishi.

Ndo maana kumwangalia samaki dukani hakutoshi. Samaki aliyewahi kuugua madoa meupe akapona anapata kinga kiasi, anaweza kubaki na vimelea vichache kwenye matamvua ambako wewe huvioni, yeye haumwi lakini anawamwagia wengine. Alafu kuna safari: kukamatwa, kufungwa mfukoni, kutikiswa barabarani, maji mapya, vyote vinamshusha kinga, kwa hiyo ugonjwa uliokuwa umelala unaamka akiwa kwako, sio akiwa dukani. Na maduka mengi matangi yote yanachangia wavu mmoja, saa ingine hata maji yanazunguka pamoja, kwa hiyo tangi ulilochagua linaweza kuwa safi na la pembeni yake linaumwa.

Mgeni mwenyewe anafaidika nini?

Sana tu. Anapumzika bila kufukuzwa na wenyeji, anajifunza chakula chako bila kugombea, na akiwa mwembamba unaweza kumnenepesha. Ukimtia moja kwa moja kwenye tangi lenye samaki wagomvi kama mbuna au oska waliokwisha gawana mitaa yao, anapigwa siku ya kwanza na unashindwa kujua kama mapezi yameliwa na ugonjwa au na meno.

Wakae siku ngapi?

Wiki nne. Nimesema wiki mbili zamani na nimeacha kusema hivyo. Kuhusu Tanga watu husema waja leo waondoka leo, ila samaki mgeni usimharakishe namna hiyo.

Sababu ni kwamba kila ugonjwa una kalenda yake. Madoa meupe kwa joto letu hujitokeza mapema, mara nyingi ndani ya wiki moja au mbili. Minyoo ya tumboni inachelewa, mimi nimeiona siku ya 19 kwa gapi jike aliyekuwa anakula kama kawaida (angalia swali la nyuzi nyekundu). Minyoo ya kwenye matamvua hutaga mayai, na mayai yana muda wake wa kuanguliwa. Kwa samaki wa kukamatwa mtoni au bwawani ongeza, fanya wiki sita.

Na akiugua katikati, hesabu inaanza upya kuanzia siku dalili ya mwisho ilipopotea. Najua inauma, lakini ukihesabu tangu siku uliyomnunua unajidanganya.

## Chombo, filta na maji

Sina tangi la pili wala hela yake. Nitumie nini?

Ndoo safi ya lita 20 inatosha kwa gapi au molly watatu wanne. Boksi la plastiki lile la kuhifadhia nguo la lita 40 au 50 ni bora zaidi mana ni pana na hewa inaingia vizuri juu ya maji, na lile linaloonyesha ndani ni bora kuliko yote kwa sababu unamuona samaki ubavuni, sio mgongoni tu. Goldfish wanachafua maji sana, usiwaweke kwenye ndoo, wape angalau hilo boksi kubwa. Chombo kisiwe kimewahi kukaa sabuni ya unga, rangi au dawa ya mbu.

Usiweke mchanga wala kokoto, chini pawe peupe ili uone choo chao na ufyonze uchafu wote. Pa kujificha weka kipande cha bomba jipya la plastiki au kichungu kidogo cha udongo kilicholazwa ubavu. Juu funika na kipande cha chandarua ukifunge na mpira, samaki mgeni anaruka, na mbu pia hawatagi humo.

Filta lazima? Si nitabadilisha maji tu?

Unaweza kuendesha kwa kubadilisha maji tu lakini ni kazi ya kila siku na ukisahau siku moja samaki anaungua na amonia. Samaki hutoa amonia kupitia matamvua na kwenye choo, na bakteria wazuri wanaoigeuza kuwa naitraiti (nayo ni sumu) alafu naitreti (isiyo na makali sana) huchukua wiki nne mpaka sita kujijenga kwenye filta mpya. Yani filta uliyonunua leo na kuiwasha leo inachuja uchafu wa macho tu, amonia haiigusi.

Dawa yake ni rahisi: nunua sponji ya ziada leo, ichomeke nyuma ya filta ya tangi kubwa ikae hapo mwezi mzima ikilowa. Siku mgeni akija unaihamisha kwenye chombo cha karantini na pampu ndogo ya hewa, tayari ina bakteria. Haioshwi na maji ya bomba, klorini inawaua.

Kama hukujiandaa na samaki tayari yuko mfukoni, badilisha theluthi moja ya maji kila siku karantini yote na lisha kidogo mno. Ndo njia, hakuna mkato.

Maji ya bomba au ya kisima?

Tumia yale yale yaliyomo kwenye tangi kubwa, ili siku ya kuhama asipate mshtuko wa pili.

Maji ya bomba ya Tanga mjini yanatoka bwawa la Mabayani kwenye mto Zigi, yanatiwa klorini, kwa hiyo yachote yakae saa 24 kwenye ndoo wazi, pampu ya hewa ikiwa ndani, au tumia dawa ya kuondoa klorini wanayouza maduka ya samaki. Masika maji yakija na rangi ya tope mimi nasubiri yatulie kabisa kabla sijayagusa.

Kisima hakina klorini lakini visima vyetu vya pwani vimechimbwa kwenye mwamba wa matumbawe, maji ni magumu, ndo yale yanayoacha ukoko mweupe kwenye sufuria, na karibu na bahari yana chumvichumvi. Gapi na molly wanayapenda hayo. Mbuna wa Ziwa Nyasa pia hawana shida na ugumu wake, ila chumvichumvi ikizidi si mahali pao. Neon na ndugu zake wa maji laini watadhoofika, na hapo utadhani ni ugonjwa kumbe ni maji.

Tanga na joto hili nahitaji hita?

Miezi mingi hapana. Ila upepo wa kusi ukishika, mwezi wa sita mpaka wa nane, usiku ndoo iliyokaa barazani inapoa sana kisha mchana inapanda tena, na kule kupanda na kushuka ndo kunakoamsha madoa meupe. Ingiza chombo ndani, kiweke mbali na dirisha, sakafuni kwenye saruji usikiweke, weka juu ya stuli. Hita ndogo ukiwa nayo ihifadhi kwa ajili ya matibabu.

Umeme ukikatika je?

Kwenye ndoo isiyo na samaki wengi, saa mbili tatu hazina tatizo. Ukizidi hapo, au ukiona wanahema juu ya maji, chota maji kwa kikombe uyamimine kutoka juu kidogo, mara kumi kumi kila baada ya dakika chache, mwambie na mtoto akusaidie. Pampu ya hewa ya betri ni kitu cha kununua kabla ya vyote. Usilishe umeme ukiwa umekatika, tumbo likiwa tupu hewa inayotumika ni ndogo.

## Siku ya kwanza na zinazofuata

Samaki wangu wanatoka Dar kwa basi. Wakifika niwatie vipi?

Hapa watu wanaua samaki kwa upole. Safari ya Dar mpaka Tanga ni kilomita kama 350, ukijumlisha kusubiri stendi na kutoka stendi yetu ya Kange mpaka nyumbani samaki kakaa mfukoni saa nane au zaidi. Ndani ya mfuko amonia imejaa, lakini hewa chafu aliyopumua imefanya maji yawe na tindikali, na kwenye tindikali amonia haina makali. Ukifungua mfuko ile hewa inatoka, tindikali inashuka, na amonia inageuka sumu mbele ya macho yako. Kwa hiyo ule utaratibu wa kudondoshea matone ya maji saa nzima mfuko ukiwa wazi haufai kwa samaki wa safari ndefu.

Fanya hivi: zima taa, elea mfuko ukiwa bado umefungwa dakika 15 mpaka 20 ili joto lilingane. Fungua, mimina samaki na maji kwenye wavu juu ya beseni, samaki aende kwenye chombo cha karantini, maji ya mfuko yaende chooni. Maji ya mfuko hayaingii kwenye chombo chochote cha samaki. Kwa samaki wa duka la hapa hapa mjini aliyekaa mfukoni nusu saa, unaweza kumchanganyia maji taratibu, yeye hana amonia ya kumtisha.

Muuzaji wa Dar mwombe asilishe samaki siku moja kabla ya safari, theluthi ya mfuko iwe maji na theluthi mbili hewa, na mfuko uingie kwenye boksi lenye kifuniko. Konda mwambie asiuweke karibu na injini.

Niwalishe lini?

Siku ya kwanza usilishe. Siku ya pili punje chache. Wakimaliza ndani ya dakika mbili sawa, kilichobaki kitoe. Asiyekula siku tatu nne lakini anaogelea vizuri ni woga tu, mpunguzie mwanga.

Niangalie nini kila siku?

Kaa kitini mbele ya chombo dakika tano, usisimame, ukisimama wanakuja wakidhani chakula na hutaona tabia yao ya kweli. Tazama anavyohema: matamvua yote mawili yafunguke, na yasiende mbio. Tazama mapezi, yawe yamekunjuka. Samaki anayebana mapezi kama mtu anayesikia baridi anakwambia kitu. Tazama kama anajikwaruza kwenye bomba. Alafu tazama choo chini, kiwe na rangi ya chakula chao, kikiwa cheupe chembamba kama uzi unaoning'inia siku kadhaa mfululizo shuku minyoo au ugonjwa wa utumbo.

Chukua tochi ya simu, mulika kwa ubavu sio kwa mbele. Doa na vumbi kwenye ngozi vinaonekana hivyo wakati mchana huvioni. Andika kwenye daftari, hata mstari mmoja, mana ukifika siku ya 20 hukumbuki siku ya sita ulikuwaje.

## Magonjwa na dawa

Niwape dawa zote mapema kama kinga?

Watu wanabishana sana hapa. Msimamo wangu: hapana, subiri dalili. Dawa tatu kwa mpigo kwenye ndoo ya lita 20 zinamchosha samaki kuliko ugonjwa ambao pengine hana, na methilini bluu kwa mfano inaua na bakteria wa sponji yako, unabaki na amonia. Wa mtoni ni habari nyingine, angalia swali la perege.

Chumvi: ipi, kiasi gani, na kwa samaki gani?

Chumvi ya kawaida, ya mawe au ya unga, hata yenye madini joto haina shida kwa kiasi hiki. Isiwe na viungo. Kwa kinga ndogo na kupunguza sumu ya naitraiti, gramu 1 kwa lita. Kwa kutibu madoa meupe, gramu 2 mpaka 3 kwa lita. Ndoo ya lita 20 kwa gramu 2 ni gramu 40, mwambie muuza duka akupimie kwenye mizani yake, usikisie kwa kiganja. Iyeyushe pembeni kwenye jagi, gawa mara tatu uitie ndani ya siku moja na nusu.

Chumvi haipai na mvuke. Maji yakipungua kwa jua ongeza maji matupu, ukiyatoa wewe kwa kubadilisha ndo unarudisha chumvi ya kile kiasi ulichotoa tu. Kosa hili limeua samaki wengi wa marafiki zangu, kila wiki wanaongeza kipimo kizima.

Gapi, molly na goldfish wanaistahimili. Kambare wadogo wale wa kusafisha chini na jamii ya neon hawaipendi, kwao anza na nusu. Mimea mingi inakufa.

Bahari iko hapo Raskazone, si nichote maji ya bahari badala ya kununua chumvi?

Naulizwa sana na naelewa kwa nini. Kwa hesabu inakubali, maji ya bahari yana gramu kama 35 za chumvi kwa lita, kwa hiyo lita moja ndani ya ndoo ya 20 inakupa chini kidogo ya gramu 2. Lakini maji ya ufukweni yana uchafu, mafuta ya boti, na viumbe wadogo watakaokufa kwenye maji baridi na kuoza humo humo, mahali ambapo tunahangaika kuweka pasafi. Chumvi ni ya bei ndogo, nunua.

Madoa meupe yametokea. Nifanyeje?

Kwanza elewa kinavyoishi, mana bila hapo utaacha dawa mapema. Kile kidoa ni kimelea kilichojifukia chini ya ngozi, kinakula, na pale dawa haikifikii. Kikishiba kinadondoka, kinajifungia chini kwenye gamba lake na kujigawa mpaka mamia, alafu hao watoto wanatoka kuogelea kutafuta samaki na wana kama siku mbili wasipompata wanakufa. Ni hapo tu, wakiogelea, ndo chumvi au dawa inawaua. Kwa joto la nyuzi 25 mzunguko mzima ni kama wiki.

Kwa hiyo: chumvi ya kutibu kama nilivyoeleza juu, hita ipandishe joto taratibu mpaka nyuzi 30, hewa iongezwe mana maji ya moto yanashika oksijeni kidogo, na kila siku fyonza chini kwa mpira ili utoe wale waliojifungia. Siku ya tatu madoa yanaweza kuonekana mengi kuliko mwanzo, usiogope usibadilishe dawa. Endelea wiki mbili, hata kama samaki amekuwa safi siku ya sita.

Kuna mtego: ukiona utando mweupe kama pamba mdomoni au kama tandiko mgongoni, hiyo mara nyingi ni bakteria sio madoa, na joto linaichochea. Hapo usipandishe joto kabisa, shusha, badilisha maji mengi, na tafuta dawa ya bakteria ya samaki.

Na yale mavumbi ya rangi ya dhahabu?

Ni kimelea kingine, kidogo zaidi, mwili unakuwa kama umenyunyiziwa vumbi la kutu. Kinaua haraka. Chumvi, joto, na funika chombo kiwe giza, kwa sababu kimelea hiki hutumia na mwanga kujitengenezea chakula.

Gapi jike ana nyuzi nyekundu zinatoka tundu la haja. Ni utumbo?

Sio utumbo, ni minyoo. Akitulia zinatokeza milimita chache kama brashi ndogo, akiogelea zinarudi ndani. Yule wa siku ya 19 niliyemtaja, nilimuona kwa sababu tu alisimama tuli mbele ya tochi.

Dawa inayofanya kazi ni levamisoli, ipo maduka ya dawa za mifugo, wanaitumia kwa mbuzi na kuku. Soma lebo kwa makini: iwe levamisoli peke yake, zile za maji zilizochanganywa na dawa ya minyoo ya ini usitumie kwa samaki. Kipimo ni miligramu 2 kwa lita, kwa hiyo ndoo ya lita 20 ni miligramu 40 za dawa yenyewe, piga hesabu kutokana na nguvu iliyoandikwa kwenye chupa. Zima taa funika, mwanga unaiharibu, acha saa 24, alafu fyonza chini pote mana minyoo inadondoka ikiwa imepooza sio imekufa, na badilisha maji nusu au zaidi. Rudia baada ya wiki tatu. Samaki wote waliokuwa chombo kimoja watibiwe, hata wasio na nyuzi.

Anahema mbio, tamvua moja limefumba, anajikwaruza, ila hana doa.

Minyoo ya matamvua. Hiyo ni kazi ya prazikwanteli, dawa ile ile ya kichocho. Kwa miligramu 2.5 kwa lita, kidonge cha miligramu 600 ni cha lita 240, kwa hiyo kwa ndoo ya 20 kisage kiwe unga na ukigawe mafungu 12. Hakiyeyuki vizuri, kitikise kwanza kwenye chupa ya maji. Rudia baada ya wiki kwa ajili ya mayai. Lakini kabla ya yote badilisha maji, amonia nayo inaleta dalili hizo hizo.

Vidonge vya antibiotiki vya binadamu navyo?

Usivitumie kwa kubahatisha. Unaua sponji, unamtesa samaki, na unafuga usugu wa dawa nyumbani kwako.

## Mambo ya pembeni

Nimetenga chombo vizuri, ila wavu ninao mmoja. Kuna shida?

Ipo kubwa. Wavu mbichi, mpira wa kufyonzea, mkono uliolowa hadi kiwiko, vyote ni daraja. Nunua wavu wa pili, ufunge kitambaa chekundu. Hudumia tangi kubwa kwanza, karantini mwisho, kisha nawa. Na visogeze vyombo mbali, maji ya pampu yanarushwa matone.

Niko siku ya 20, nimeona beta mzuri nikamnunua. Nimtie na hao?

Ukimtia, wote wanarudi siku ya kwanza. Beta kaa naye kwenye chombo cha tatu.

Tangi langu ni jipya, halina samaki hata mmoja. Karantini ya nini?

Kama kundi lote linaingia siku moja, tangi lenyewe ndo karantini. Usiongeze mwingine wiki nne.

Mimea na konokono je?

Navyo vinabeba. Mmea ukikaa kwenye ndoo isiyo na samaki wiki mbili, vimelea vingi vya samaki hufa kwa kukosa samaki wa kumkalia, mayai ya konokono hayafi.

Mimea na konokono wa kuokota kwenye mabwawa na mitaro nasema usichukue kabisa, na sio kwa ajili ya samaki, kwa ajili yako. Pwani yetu ina kichocho, na konokono wa maji baridi ndo wanaokibeba. Ukiingiza mkono kwenye ndoo yenye konokono aliyeambukizwa umejiweka hatarini, na watoto wanachezea hizo ndoo.

Nimekamata perege wadogo mtoni, nataka kuwafuga na wengine.

Wiki sita, na hawa tu ndo nawapa dawa ya minyoo bila kusubiri dalili, prazikwanteli kwanza, wiki inayofuata levamisoli. Samaki wa porini ni nadra kukosa minyoo. Kumbuka pia anakua, huyo ni samaki wa sufuria baada ya miezi kadhaa, na aliyepewa dawa hizi usimle.

Naweza kuambukizwa mimi?

Yako magonjwa machache. Lipo moja la bakteria wa jamii ya kifua kikuu cha samaki, linaingia kwenye kidonda cha mkono na kuacha uvimbe usiopona kwa wiki nyingi. Ukiwa na mchubuko vaa glavu, na ukienda hospitali na uvimbe wa namna hiyo mwambie daktari kwamba unafuga samaki.

Wamekufa wote karantini. Nimwage wapi maji?

Pole sana, najua inavyokuwa. Maji mwaga chooni, samaki wazike au choma, visiende mtaroni wala Zigi. Chombo kioshe kwa jiki, sehemu moja kwa maji sehemu 19, dakika 15, suuza mpaka harufu iishe, anika juani kikauke kabisa. Sponji tupa.

Nimeshawatia bila karantini, juzi tu. Niwatoe?

Usiwakimbize na wavu tangi zima, mbegu kama ipo imeshaingia. Chukulia kwamba tangi lote liko karantini tangu siku ile: usiongeze samaki, usitoe samaki wala mmea kumpa rafiki, fanya ule uangalizi wa tochi kila jioni, na weka chumvi na kipimajoto karibu.

Siku ya 28 imefika, wote wazima. Nawahamishaje?

Kama una gapi mmoja wa tangi kubwa unayeweza kumtoa, mtie na wageni wiki moja ya ziada. Akiugua yeye umejua wageni wanabeba kitu ambacho wao hakiwadhuru, kama wale molly wangu. Mimi nafanya hivyo kila mara sasa.

Jioni ya kuhama walishe wenyeji washibe, sogeza mawe mawili matatu ili kila mmoja apoteze mtaa wake, zima taa. Linganisha joto, hamisha kwa wavu bila maji. Acha giza mpaka asubuhi. Sponji ya karantini usiirudishe kwenye tangi kubwa, itupe, na usiku huo huo kata mpya uichomeke nyuma ya filta ianze kulowa.